Maswali ya Wasomaji: Mti wa Kivuli Utazamwe Mwezi wa Oktoba

Barua nyingi zilizotufikia kutoka mikoa ya Tabora na Kigoma zinauliza habari za miti ya kivuli nyumbani, nasi tumeona ukurasa wote wa mwezi huu uwe wa barua hizo. Baadhi tumezifupisha bila kugusa maana, na majina ya waandishi tumeyaacha kama wenyewe walivyoomba.

Mkrismasi wetu unapukutika wakati wa joto

*Mtaalamu, shikamoo. Mimi ni mama wa watoto wanne, naishi Ipuli, Manispaa ya Tabora. Nyumba yetu ni ya matofali ya kuchoma na imeezekwa bati. Baraza linatazama magharibi, kwa hiyo kuanzia saa tisa alasiri hakuna awezaye kukaa hapo, na chumba kilicho nyuma ya baraza hakilaliki mpaka usiku wa manane. Baba watoto alipanda mkrismasi mbele ya baraza. Umekua vizuri na maua yake yanapendeza, lakini kila kiangazi majani hupukutika, na ifikapo Septemba hubaki matawi matupu na maganda meusi yanayoning'inia. Udongo wetu ni wa kichanga, na kisima hupungua maji miezi hiyo hiyo. Tupande mti gani, na tuupande wapi?*

Marahaba, mama. Mkrismasi wako hauumwi. Asili yake ni Madagaska, na hivyo ndivyo unavyojikinga na ukame: unyevu unapopungua ardhini, mti huachia majani ili usiendelee kupoteza maji kupitia kwenye majani hayo, kisha husubiri dalili za mvua ndipo uchanue na kuvaa upya. Kwa anayeutaka kwa ajili ya maua ya Desemba, mti huo hauna kasoro. Kwa anayeutaka kwa ajili ya kivuli, kasoro ni kubwa, kwa sababu Tabora mvua hunyesha kuanzia Novemba hadi Aprili, na joto kali la mwaka huja mwishoni mwa kiangazi, Septemba na Oktoba, wakati jua la mchana linapita juu ya utosi na mawingu bado hayajakusanyika. Mti unaovua majani mwezi wa Agosti unakuacha juani katika miezi ile ile uliyoupandia.

Ndiyo maana mtu anaponiuliza habari za mti wa kivuli, swali langu la kwanza huwa ni kama amewahi kuutazama mti huo mwezi wa Oktoba. Wengi wetu huchagua miche Desemba au Januari, kitalu kikiwa kijani tupu na kila mche ukionekana mwema. Afadhali utembee mtaani kwako siku za mwisho za kiangazi uone ni miti ipi ambayo mafundi baiskeli na wauza mihogo wameikimbilia. Ukifanya hivyo Tabora, utakuta ni mwembe, mwarobaini, mkwaju na mjohoro, na kando ya mabonde utakuta mkuyu.

Mkuyu tuuondoe mapema, kwa sababu mizizi yake hutafuta maji popote yalipo, na katika kiwanja cha kawaida maji hayo ni ya karo la maji taka au ya kisima chako. Mjohoro hukua haraka na ukiukata huchipua tena kwa nguvu, lakini mizizi yake ya juu juu hunyang'anya maji mazao yaliyo karibu, hivyo bustani ya mchicha chini yake isitarajiwe. Kama mnafuga nguruwe, fahamuni pia kwamba majani ya mjohoro ni sumu kwao.

Mkwaju ni mti ninaoupenda kuliko yote katika orodha hii. Mizizi yake huenda chini sana, majani yake madogo hukaa karibu mwaka mzima katika maeneo mengi, matawi hayavunjiki ovyo kwa upepo, na ukwaju wake una soko. Ubaya wake ni mmoja, nao ni kukawia. Ukiupanda leo, kivuli cha kukaa na wageni wako utakipata ukiwa bibi. Mwenye eneo kubwa aupande pembeni na kuusahau. Wewe unahitaji nafuu kabla ya hapo.

Kwa hiyo mnabaki na mwembe na mwarobaini. Mwembe una kivuli kizito kupita miti yote ya mjini kwetu, na majani yake hayaondoki kiangazi. Hata hivyo mwembe unaoota kutoka kwenye kokwa huwa mti mkubwa sana, matawi yake hutanda mita 10 na zaidi, na embe zikianza kudondoka juu ya bati usiku hamtalala. Mche wa kubebesha, yaani uliopandikizwa kikonyo cha mwembe mwingine, hubaki mfupi zaidi na huzaa mapema, lakini kwa sababu hiyo hiyo haukupi mwamvuli mrefu wa kufunika ukuta. Mwembe nawashauri muuweke uani, mbali na paa, watoto wacheze chini yake.

Mbele ya baraza pandeni mwarobaini. Hukua haraka, na ukihudumiwa vizuri miaka ya mwanzo unaweza kuupita urefu wa baraza ndani ya miaka mitatu au minne. Unastahimili kichanga na mvua chache kuliko za Tabora. Na kiangazi kikiwa kikali hupunguza majani badala ya kuyavua yote, kisha huchipua upya haraka. Mbegu zake hupoteza uhai ndani ya wiki chache tu baada ya kuiva, kwa hiyo anayekuuzia mbegu za mwaka jana anakuuzia takataka. Nunueni mche.

Sasa mahali pa kuupanda, ambapo naona watu wakikosea zaidi kuliko katika kuchagua aina. Tabora iko nyuzi 5 hivi kusini mwa Ikweta. Mwanzoni mwa Oktoba jua la adhuhuri liko juu kabisa ya utosi, na kivuli cha mti huangukia shinani mwake, hakigusi ukuta wa mtu yeyote. Kinachoichoma nyumba yako ni jua la alasiri linaloshuka magharibi na kuupiga ukuta wa matofali kwa saa tatu mfululizo. Ukuta hulihifadhi joto hilo na kulitoa polepole usiku, na ndiyo sababu chumba hakilaliki. Hivyo mti uwe magharibi ya baraza hasa. Vitabu vingi vya bustani vilivyoandikwa Ulaya na Marekani husema mti wa kivuli uwekwe kusini mwa nyumba. Huko ni sahihi, kwa sababu jua lao halifiki utosini, lakini kwetu ushauri huo haufai.

Umbali pia una hesabu yake. Jua linapokuwa nusu ya njia kati ya utosi na upeo wa macho, urefu wa kivuli hulingana na urefu wa mti wenyewe, na Tabora mwezi wa Oktoba hali hiyo hutokea yapata saa tisa na nusu alasiri. Mwarobaini wenye urefu wa mita 6 uliopandwa mita 5 kutoka ukutani utaanza kuufunika ukuta muda huo, na kivuli kitaendelea kupanda kadiri jua linavyoshuka. Ukiusogeza hadi mita 10 utasubiri karibu hadi saa kumi na moja. Ukiuleta mita 2 mizizi itafika kwenye msingi na majani yatajaa katika mifereji ya kukinga maji ya mvua. Kati ya mita 5 na 6 panatosha, na kisima kiwe mbali zaidi ya hapo.

Chimbeni shimo Oktoba au Novemba, upana na kina sentimita 60, udongo wa juu ukiwekwa upande mmoja na wa chini upande mwingine. Udongo wa juu uchanganywe na ndoo mbili za samadi iliyooza vizuri, urudishwe kwanza. Mvua za mwanzo zikishaloweka ardhi, si siku ya mvua ya kwanza, pandeni mche. Kabla ya kuufukia, chaneni kiriba (mfuko wa plastiki uliooteshewa mche) chote na kukiondoa, kisha tazameni mizizi: kama mzizi mkuu umejizungusha chini ya kiriba, huo mche umekaa kitaluni muda mrefu mno, na mti wake hautashika ardhi vizuri. Ukateni ule mzingo kwa wembe safi au, kama umezunguka sana, urudisheni mlikoununua.

Mwaka wa kwanza na wa pili wa kiangazi ndipo penye gharama. Kikombe cha maji kila jioni hulowesha sentimita chache za juu na kuifundisha mizizi ikae huko huko juu, mahali ambapo Septemba patakuwa majivu ya moto. Mpeni mche ndoo moja ya lita 20 mara moja kwa wiki, ikimiminwa taratibu ndani ya bakuli la udongo linalozunguka shina. Maji hayo yanaweza kuwa ya kusuuzia vyombo, mradi hayana mafuta mengi wala dawa kali ya kufulia. Mkrismasi msiukate leo. Uacheni mpaka mwarobaini ufike dirishani, maana hata kivuli chake cha miezi ya mvua kina faida kwa bati lenu.

Mbegu za jangwani kutoka Muscat

*Habari za kazi. Nakuandikia kutoka Cheyo, Tabora. Dada yangu ameolewa Muscat, na alipokuja likizo alitusimulia kuhusu mti uitwao ghaf, ambao anasema umeota katika bustani yao ya jangwani na haujui kiu. Yuko tayari kutuletea mbegu, pamoja na mbegu za mti mwingine wa jamii hiyo hiyo unaokua haraka zaidi. Mti ulioshinda jangwa si utashinda kiangazi cha Tabora?*

Nzuri, ndugu yangu. Aliyokwambia dada kuhusu ghaf ni kweli. Ghaf, ambao wanasayansi huuita Prosopis cineraria, ni mti wa heshima katika nchi za Ghuba, na Umoja wa Falme za Kiarabu umeufanya mti wa taifa. Mzizi wake mkuu unaweza kushuka mita 30 kutafuta maji, na huwa kijani wakati kila kitu kingine kimekauka. Kwa bustani ya Muscat, ambako mvua ya mwaka mzima ni karibu milimita 100 tu, ni chaguo zuri, na dada asiubadilishe.

Ukame wa Tabora ni wa namna nyingine. Sisi tunapata takriban milimita 900 hadi 1,000 kwa mwaka, isipokuwa zote huja katika nusu ya mwaka, kisha bomba hufungwa. Mti wetu unapaswa kustahimili mambo mawili yanayopingana, yaani miezi ya udongo uliolowa na miezi ya udongo uliokauka kabisa. Mti uliozaliwa mchangani ambako mizizi haikai majini utakuwa katika majaribu kila Januari, hasa kama kiwanja chako kiko bondeni. Isitoshe, majani ya ghaf ni madogo sana na kivuli chake ni chepesi. Mtu wa jangwani hushukuru kwa kivuli hicho kwa sababu hana kingine. Wewe una mwembe kwa jirani.

Mti wa pili ndio unaonitia wasiwasi. Kama ni ule wa jamii hiyo uliotoka bara la Amerika, Prosopis juliflora, tafadhali mwambie dada asiulete hata mbegu moja. Nchini Kenya ulipelekwa Baringo mwanzoni mwa miaka ya 1980 kwa nia njema ya kuzuia jangwa na kupata kuni. Wenyeji huko huuita mathenge. Mbuzi walikula maganda yake matamu na kusambaza mbegu kwa kinyesi, vichaka vyenye miiba vikafunga malisho na njia za maji, na sukari ya maganda ikaharibu meno ya mifugo hadi wanajamii wakaenda mahakamani na, mwaka 2006, wakampeleka mbuzi kibogoyo kama kielelezo. Watu waliocheka habari hiyo hawakuwa wafugaji.

Kuna pia suala la sheria. Kuingiza mbegu au miche kutoka nje kunahitaji kibali na cheti cha afya ya mimea, na msimamizi wake ni Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania iliyoundwa kwa Sheria ya Afya ya Mimea ya mwaka 2020. Mbegu ndani ya mkoba wa likizo hazina cheti.

Badala ya kuleta mbegu zake, tujifunze kwa watu wa jangwani namna wanavyofikiri. Katika uwanja wa Arafa karibu na Makka, ambako mahujaji hukusanyika, ilipandwa miarobaini ipatayo 50,000 ili kuwapa kivuli, na maji hufikishwa kwa mabomba. Kwa hiyo mti ambao wenye jangwa na fedha waliuchagua kuwakinga mahujaji ni ule ule unaouzwa viribani kando ya barabara zetu. Mti mwingine wanaoupenda ni sidr, ambao ni ndugu wa karibu wa mkunazi tulionao, ule ambao majani yake hutumika kuoshea maiti. Mkunazi unastahimili ukame kuliko karibu kila mti wa matunda tulio nao, na kama una kona kavu isiyofikika kwa maji, hapo ndipo pake. Miiba yake tu iwe mbali na njia ya watoto.

Mkizungumza na dada, mwambieni asiuige ushauri niliompa mama wa Ipuli juu ya mahali pa kupanda, ingawa jua la alasiri huunguza ukuta wa magharibi huko pia. Muscat iko karibu na Tropiki ya Kansa, jua lake la mchana liko upande wa kusini karibu mwaka mzima, na kivuli cha adhuhuri huelekea kaskazini. Kwake yeye mti wa kusini una kazi.

Vijana wanataka kuukata mwembe wa babu

*Naitwa mzee na wengi hapa Ujiji, Kigoma. Mbele ya nyumba yetu upo mwembe mkubwa alioukuta babu yangu. Vijana wangu wanasema uondolewe kwa sababu unaangusha matawi, unachafua paa, na embe zake ni ndogo zenye nyuzi. Wanataka kupanda michikichi miwili badala yake. Mimi nimesita.*

Shikamoo, mzee wangu. Usiukubali msumeno upesi. Ujiji na Tabora zimerithi miembe yao kutoka siku za misafara iliyokuwa ikipita kati ya pwani na ziwa, na kivuli cha miembe hiyo kilikuwa sehemu ya mji wenyewe. Hata kumbukumbu ya Livingstone na Stanley kukutana hapo Ujiji mwaka 1871 imefungwa kwenye mwembe, na miembe inayoonekana leo kwenye eneo la kumbukumbu inaelezwa kuwa ilitokana na mti wa zamani uliokufa. Mti wa umri huo hauwezi kurudishwa na mtu aliye hai leo.

Hata hivyo vijana hawajasema uongo. Mwembe wa zamani unaweza kuwa na tawi lililooza ndani huku gome likionekana zima. Tafuta mtu anayejua kupanda na kukata, apite tawi kwa tawi akiligonga kwa upande butu wa panga: tawi zima hutoa sauti kavu, na lililooza ndani hutoa sauti ya ngoma. Aangalie pia panda za matawi zenye uyoga au unga unaomwagika. Matawi mabovu yakatwe karibu na shina, bila kuacha kisiki kirefu na bila kuchana gome la shina, na yale yanayoelea juu ya paa yafupishwe hadi panda yenye tawi la pembeni. Kazi hiyo ifanywe baada ya mavuno, na isizidi robo ya majani yote kwa mwaka mmoja, kwani mti uliovuliwa ghafla huunguzwa na jua kwenye gome lake. Kuhusu embe zenye nyuzi, mtaalamu wa kubebesha anaweza kuweka vikonyo vya aina nyingine kwenye machipukizi mapya, na mti mmoja ukazaa aina mbili.

Mchikichi ni mti wa fedha na mkoa wa Kigoma unaujua vizuri, lakini usiitwe mti wa kivuli. Kivuli chake hupita kwa vipande vipande, makuti yake mazito yana miiba kwenye vikonyo, na mashada ya ngazi, yaani matunda yake, yakikatwa karibu na nyumba ni hatari kwa anayepita. Michikichi iende shambani, na mwembe ubaki barazani.

Mti wa maua ya njano unaoota upesi

*Kasulu, Kigoma. Jirani amenipa miche ya mti wenye maua mengi ya njano, unaokua haraka ajabu na kutanda kama mwamvuli. Naambiwa jina lake la kitaalamu ni Senna spectabilis. Nipande?*

Usipande, na jirani mshauri akate maganda kabla hayajapasuka. Mti huo huo ulipandwa miaka ya nyuma katika eneo ambalo leo ni Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Mahale, mkoani kwenu, na umekuwa tatizo la muda mrefu humo, kwa sababu huota kwa wingi, hufunga mwanga, na ukikatwa huchipua tena. Kwa Kasulu, ambako kuna baridi kidogo na mvua ya kutosha kuliko Tabora, una nafasi ya kuchagua miti mingi, na mwembe au mwarobaini haitakuletea kesi na msitu.

Mti unaovaa majani kiangazi

*Nasoma kwamba upo mgunga unaotoa majani wakati miti mingine imevua. Ninaishi Igunga, ambako ni kukavu kuliko Tabora mjini. Je, si ndio tunaoutafuta?*

Upo. Jina lake la kitaalamu ni Faidherbia albida, na kawaida yake ni kinyume cha miti mingi: huvaa majani kiangazi na kuyaachia mvua zikianza. Wakulima wa Afrika Magharibi na wa kusini mwa bara letu huupenda mashambani kwa sababu hiyo, maana mahindi au mtama chini yake hupata mwanga wakati wa kukua, na mbuzi hupata maganda wakati hakuna malisho. Kwa miezi ya joto ya Igunga, tabia hiyo ni zawadi.

Lakini siri ya mti huo ni mzizi unaofikia maji ya chini, na kwa hiyo hupenda kingo za mito na tambarare zenye maji yasiyo mbali sana. Pale ambapo maji ya chini hayafikiki, hudumaa. Una miiba, na matawi ya chini hayana budi kupogolewa mapema ili mtu apite bila kuinama. Kivuli chake si kizito kama cha mwembe. Kama una shamba karibu na mto, pandeni kadhaa. Kwa uwanja wa nyumba ningeuweka pembeni, na karibu na baraza ningeweka mwarobaini.

Sehemu kubwa ya Igunga ina udongo wa mbuga, ule mweusi unaopasuka kiangazi na kunata masika, na mwarobaini hauvumilii kusimama majini. Kabla ya kununua mche, chimba shimo la kina cha sentimita 60 wakati wa mvua, lijaze maji jioni, ukalitazame asubuhi. Kama maji bado yamejaa, panda juu ya tuta pana lililoinuliwa kiasi cha goti, au uchague sehemu nyingine ya kiwanja.

Mchwa wananimalizia miche

*Urambo. Kila mwaka napanda miche mizuri, na kila Julai naikuta imekauka. Nikiivuta inatoka mkononi, mzizi umeliwa na mchwa. Wengine wanasema niweke mafuta machafu ya gari. Nifanyeje?*

Mafuta machafu usiyaweke. Yanaua udongo wa mti unaotaka kuuokoa, na yakifika kisimani yatakufuata wewe mwenyewe. Mchwa hupenda zaidi mche uliodhoofika kwa kiu, na Julai ndipo mche uliopandwa kwa kuchelewa unapoanza kudhoofika. Kwa hiyo hatua ya kwanza ni tarehe: mche uingie ardhini Desemba, si Machi, ili uwe na miezi ya mvua ya kushusha mizizi. Hatua ya pili ni ukubwa wa mche. Chagua uliofika magoti na wenye shina lililoanza kuwa gumu.

Matandazo ya nyasi kavu ni mazuri kwa kuhifadhi unyevu, ila kwa Urambo ni chakula cha mchwa. Yaweke kwa umbali wa shibri moja kutoka kwenye shina, yawe membamba, na uyageuze kila wiki. Pakiwa na mawe, mawe ni bora zaidi, yanapunguza uvukizi na hayaliwi. Majivu yaliyozungushiwa shina husaidia mpaka mvua iyaoshe, kwa hiyo kiangazi unaweza kuyatumia na kuyaongeza kila baada ya kumwagilia. Ondoa mizizi na visiki vilivyokufa ndani ya shimo kabla ya kupanda, maana hivyo ndivyo vinavyowaita. Kama kichuguu kiko ndani ya kiwanja, kuchimba mpaka umpate malkia ni kazi ya siku nzima ya watu wawili wenye majembe, lakini kichuguu kisichotolewa malkia hujengwa upya.

Kati ya miti tuliyoitaja leo, mwarobaini ndio unaosumbuliwa kidogo zaidi na mchwa. Mkaratusi mchanga, ambao hatukuutaja, huliwa sana. Ukienda kununua miche, pita kwanza kwa afisa misitu wa wilaya au ofisi ya Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania iliyo karibu nawe, uulize ni aina zipi zilizobaki hai katika vitalu na mashamba ya Urambo baada ya kiangazi kilichopita.